Gauni la Kipimo cha Kwanza

Jumamosi alasiri mwezi wa Januari, mahindi yakiwa yameshapukuchuliwa, kijiji chetu cha Chekalini huwa na utulivu mtamu. Akina mama huketi kando ya maturubai wakigeuza mahindi kwa miguu. Kuku hufukuzwa kwa maneno tu, maana hakuna mwenye haraka ya kunyanyuka. Na mwaka huo, kutoka stoo ya Mzungu, ulikuwa unasikia muziki. Stoo hiyo iliachwa na mlowezi aliyelima hapa kabla wazee wetu hawajagawiwa ploti zao. Ina sakafu ya mbao, pana na laini, na mahali palipokaa magunia sasa walikuwa wasichana watano wakirusha pete.

Mchezo wenyewe unaitwa jimnastiki ya mdundo. Sisi tuliuita mchezo wa pete, basi. Wasichana watano huingia uwanjani pamoja, nguo moja, nywele zimefungwa namna moja, wakacheza kwa muziki kwa muda usiofika dakika tatu. Huyu anarusha pete yake hadi karibu na mabati, yule anaidaka akiwa amejipindua. Mmoja akiidondosha, wamedondosha wote watano, maana alama ni za kundi. Kocha Kiptoo, mwalimu kijana wa sekondari aliyejifunza mchezo huo chuoni, ndiye aliyetuletea. Pete za kwanza alizikata kutoka paipu nyeusi ya maji, na watu walimcheka. Baada ya miaka miwili hakuna aliyecheka tena. Wasichana wetu walikuwa wakiwashinda wa shule kubwa za mjini, na sisi tulitembea tumetuna vifua kana kwamba tulijipindua wenyewe.

Mimi ndiye niliyewashonea. Naitwa Rachael, lakini hapa sokoni wananijua kama Mama George. Cherehani yangu iko kwenye baraza la duka la mbolea. Mdomo wangu ni mkali na sifichi. Nimewahi kumwambia mchungaji mbele ya wazee wa kanisa kwamba suruali yake na tumbo lake haviongei tena. Kwa hiyo mtashangaa, ndugu zangu, nikiwaambia kwamba kisa hiki ni cha siku ambazo mdomo huo ulinyamaza.

Mchezo wao ulikuwa unamalizika kwa kunyanyua. Wanne walishika pete mbili, wa tano akakanyaga juu yake, wakampandisha mpaka juu ya vichwa vyao, naye akanyoosha mikono. Aliyenyanyuliwa alikuwa Mitchel, binti wa Jairus Masinde na mkewe Beverlyne. Alikuwa na miaka kumi na sita, msichana wa kucheka upesi, mwenye mashavu ya mtoto. Jumamosi hiyo, muziki ulipofika mwisho, wenzake walimnyanyua na mikono ikaanza kutetemeka. Jelagat, nahodha wao, akaguna. Wakamshusha kabla ya wakati.

"Huyu amekuwa mzito, Kocha," Jelagat alisema huku akicheka na kujikanda viganja.

Kocha Kiptoo naye akacheka. "Mitchel, hii Krismasi ulikuwa unakula chapati za nani? Wenzako wameumia mikono."

Stoo nzima ilicheka. Mimi nilicheka kuwashinda wote, tena nikaongeza langu. "Kocha, usijali, nitaweka kitambaa kingine!"

Mitchel alicheka pamoja nasi. Halafu nikamwona ameingiza tumbo ndani na kulishikilia hivyo, pumzi imebanwa. Nilikuwa nimekaa karibu na Beverlyne, mama yake, juu ya gunia tupu. Yeye hakucheka hata kidogo.

Lazima niwaeleze Beverlyne ni mtu wa namna gani, maana hakuwa mama mbaya. Laiti angekuwa mama mbaya, tungemtilia shaka mapema. Katika Lugari yote hapakuwa na mwanamke aliyejua kukausha mahindi kama yeye. Alichukua punje, akaing'ata, akasikiliza mlio wake, akasema hii bado siku mbili, na ikawa bado siku mbili. Wanunuzi hawakuwahi kumrudishia gunia. Kitu alichokiogopa kuliko njaa na ukame ni mtu kusema kazi ya mkono wake ina kasoro.

Jioni ile ile alimpeleka Mitchel kwenye ghala lao. Humo ndani magunia yalikuwa yamepangwa mpaka darini, na kwenye boriti ilining'inia mizani ya chuma ya kupimia mahindi. Alimkalisha mtoto ndani ya gunia tupu, akalitundika kwenye ndoano, akasoma mshale. Habari hii nilipewa na Mitchel mwenyewe, baadaye. Akaniambia na maneno ya mama yake.

"Watoto wa watu hawawezi kuumia mikono kwa sababu yako. Kila Jumamosi nitakuwa nakupima hapa. Hatutaki uwe mzigo kwa mtu."

Ndivyo ilivyoanza. Katika nyumba yenye mahindi ya kulisha kijiji, mtoto mmoja alianza kupimiwa chakula chake kwa kijiko.

Mwezi wa tatu Mitchel aliniletea nguo yake ya mashindano. Ilikuwa nguo ya kubana mwili, ya buluu, yenye shanga begani, na zote tano nilikuwa nimezishona zifanane. Sasa ya kwake ilikuwa imemlegea ubavuni. Nilimpima, nikapunguza inchi moja, nikaandika kwenye daftari langu la vipimo.

"Umekuwa mrembo," nilimwambia. "Kiuno kimejitokeza."

Akatabasamu. Beverlyne, aliyekuwa amesimama mlangoni, naye akatabasamu. Siku hiyo sikuona ubaya wowote na sijilaumu kwa siku hiyo. Najilaumu kwa zilizofuata.

Alirudi mwezi wa tano. Jua lilikuwa kali lakini yeye alivaa sweta mbili. Nilipomvua ili nimpime, niliona mikono yake imeota vinyweleo vyepesi, na nilipomgusa mgongoni alikuwa baridi. Nikapunguza inchi moja na nusu. Safari hii sikusema kiuno. Nilimwuliza kama anakula.

"Nakulanga, Mama George."

"Unakulanga nini?"

"Mboga. Na chai."

"Na obusuma?" Bila ugali huo, kwetu mtu hajala.

Akaangalia cherehani. "Obusuma inakaa sana kwa tumbo."

Juma lilelile Beverlyne alinijia mbio, kitambaa cha kichwa kimelegea. Alinivuta nyuma ya duka. Mitchel alikuwa hajaona siku zake za mwezi tangu Februari. Jairus alikuwa amejua, na alikuwa anauliza jina la mwanamume akiwa ameshika mkwaju wa ng'ombe mkononi.

"Twende na mimi kwa sista," aliniomba. "Nikienda peke yangu nitaanguka njiani."

Tukaenda sote, hata Jairus, ambaye kwa kawaida huwa mtu wa trekta na maneno machache na huacha mambo ya wasichana kwa mama yao. Sista Kemunto wa zahanati alimpima mtoto, akatoka na kijikaratasi, akatuketisha. Maneno yake nayakumbuka, maana nilikuwa hapo na masikio yangu mawili.

"Huyu hana mimba. Siku zake zimekatika kwa sababu mwili hauna chakula. Ni njaa, mama. Njaa imemfikisha hapa. Nataka nimwone kila Jumatatu. Mazoezi yasimame. Na nisikizeni vizuri: msije mkashtuka siku moja mkamjaza chakula kwa mpigo. Mwili ukikaa njaa hivi unarudishwa pole pole, kidogo kidogo, sisi tukiangalia damu yake. La sivyo moyo unaweza kushindwa."

Aliyasema yote hayo. Lakini Beverlyne aliposikia "hana mimba" alipiga magoti pale pale sakafuni, akaanza kumshukuru Mungu kwa sauti. Jairus alifuta uso wake kwa kofia. Mimi nilimkumbatia Beverlyne, tukalia kwa furaha. Sista Kemunto aliendelea kuongea, na sisi tulikuwa tunashangilia. Mnaona? Tulikwenda tukiogopa aibu, na tulipoikosa aibu tukadhani tumepona.

Jumatatu iliyofuata hawakwenda zahanati. Jumapili yake, hata hivyo, walikwenda kanisani, na Beverlyne akasimama kutoa ushuhuda.

"Walikuwa wanasema msichana wangu ameharibika! Amepimwa! Ni safi! Na Mungu amemchagua awe mwembamba ili anyanyuliwe juu ya adui zake!"

Kanisa zima lilisema amina, mimi nikiwemo. Mchungaji aliguswa sana. Mashindano ya Magharibi yalikuwa yamebaki juma moja, basi akatangaza kwamba waumini wote watafunga siku tatu kuwaombea wasichana wetu. Nani angekataa? Tulifunga. Kwa siku tatu njaa ya Mitchel ilipata jina zuri la kiroho, na mtoto aliyekuwa akificha sahani yake chini ya meza sasa alikuwa mfano wa kuigwa. Wazee walimwekea mikono kichwani. Jumamosi jioni tulifungua kwa uji na obusuma, kila mtu na jasho lake la shibe. Mitchel hakufungua.

Wakashinda. Nilikuwa uwanjani siku hiyo, nimebeba sindano na uzi kwa ajili ya dharura. Pete zilipaa na kudakwa bila kosa hata moja. Mwishoni Jelagat na wenzake watatu walimnyanyua Mitchel kwa wepesi hivi kwamba watu walipiga ukelele. Hakuna mkono uliotetemeka. Alisimama juu pale amenyoosha vidole, meno yote nje, na nakiri, ndugu zangu, sijawahi kuona kitu kizuri kama kile kikitoka kijijini kwetu. Uzuri huo ndio uliotufunga macho. Sasa walikuwa wanakwenda Nairobi, fainali za kitaifa, mwezi wa nane.

Kabla ya safari Mitchel alikuja mara ya tatu, halafu ya nne. Hiyo ya nne alikuja peke yake. Nilimfunga tepu kiunoni, na kidole changu kikaingia kati ya mbavu zake. Uti wa mgongo niliweza kuuhesabu pingili kwa pingili. Nywele zake zilikuwa zimebaki chache, nyingine zimenasa kwenye kitana alichoshika. Niliacha tepu ikaanguka.

Nilikuwa na uji wa wimbi kwenye thamosi. Nikammiminia kikombe. Alikishika kwa mikono miwili kupata joto, akakileta mdomoni, akakirudisha chini.

"Kunywa, mama," nilimwambia.

"Siwezi. Ananipima kesho."

"Mimi nitaongea na mama yako."

Akanishika mkono. Vidole vyake vilikuwa baridi kama vya mtu aliyetoka mtoni. "Tafadhali usiongee. Si yeye tu. Hata asiponipima sitakunywa."

"Kwa nini, Mitchel? Wewe mwenyewe unataka nini?"

Alikisogeza kikombe kando. "Nataka wanibebe wasisikie kitu."

Nilipaswa kuinuka papo hapo. Nilipaswa kumpakia kwenye boda boda hadi kwa Sista Kemunto, nipige kelele njia nzima kama ninavyojua kupiga kelele kwa mambo ya upuuzi. Lakini nilifikiria nini? Nilifikiria urafiki wangu na Beverlyne. Nilifikiria watu watakavyosema nimewaharibia watoto safari ya Nairobi kwa wivu, kwa kuwa wangu ni mvulana. Na niseme ukweli wote, nilifikiria zile nguo tano za buluu zikionekana na nchi nzima, na watu wakiuliza ni fundi gani aliyezishona. Nikaketi kwenye cherehani. Nikapunguza inchi mbili.

Nguo hiyo niliipeleka mwenyewe nyumbani kwa Jairus, na huko nilimkuta Kocha Kiptoo amesimama uani, amekunja kofia mikononi.

"Mama Mitchel," alikuwa akisema, "mimi ile siku nilitania tu. Sasa mtoto amezidi kukonda. Mpatie chakula."

"Tukitoka Nairobi, Kocha," Beverlyne alimjibu. "Siku tisa tu zimebaki. Ama una mwingine wa kunyanyuliwa?"

Hakuwa naye. Alikuwa hajamfundisha mwingine. Mwalimu wa watu aliangalia ardhi, akavaa kofia yake. "Sawa. Tukitoka Nairobi."

Kila mmoja wetu alikuwa na siku yake ya kumwokoa, na kila mmoja aliisogeza mbele.

Nairobi wakawa wa pili katika nchi nzima. Tulitazama kwenye simu, watu ishirini tumebanana kwenye duka la mbolea. Picha ilikuwa inakatika lakini tulimwona akipanda juu, mwembamba na wa buluu, tukaruka mpaka tukaangusha mifuko ya mbegu. Ikasemekana wote watano wameitwa kwenye kambi ya timu ya taifa. Basi la shule liliporudi Ijumaa mchana tulilipokea barabarani na matawi.

Sasa sikilizeni vizuri, maana hapa ndipo tulipomwua.

Jairus alikuwa amechinja kuku sita. Ilikuwa kuku, ingokho yetu, kwa obusuma, mchele, chapati, mahindi mabichi ya kuchemsha, soda. Mitchel alikalishwa kwenye kiti cha baba yake. Halafu Jairus akafanya jambo ambalo sijawahi kuliona kwa mwanamume wa Kiluhya. Alitoa firigisi, ile imondo ambayo ni ya mwenye nyumba na ambayo hakuna msichana anayeigusa, akaikata mwenyewe, akamwekea binti yake kwenye sahani.

"Leo wewe ndiye mwenye nyumba," alisema.

Beverlyne alichutama mbele ya mtoto. "Sasa kula, mwanangu. Umemaliza. Hakuna mizani tena."

Mitchel alituangalia sote. Nadhani aliogopa kuuaibisha mkono wa baba yake. Akatia imondo mdomoni, akatafuna polepole, akameza. Tulipiga makofi. Akala tena, na tena, kama mtu aliyefunguliwa mlango. Machozi yalikuwa yanamtoka huku anakula. Sisi tulifurahi mno. Hatimaye mtoto anakula!

Na hatukuishia hapo. Jumamosi na Jumapili kila nyumba ilileta bakuli lake. Huyu alileta ndizi, yule alileta maziwa ya mgando, mwingine mayai. Mimi nilileta chapati kumi, za kusukuma kwa mafuta mengi. Mimi, niliyekaa kwenye benchi la zahanati na kusikia onyo la Sista Kemunto neno kwa neno. Lilikuwa limetoka kichwani mwangu kabisa, kwa sababu siku ile nilikuwa nashangilia.

Jumapili jioni alitembea hadi kwangu kunisalimia, viatu vimefunguliwa kamba. Miguu yake ilikuwa imevimba, na uso umejaa. Alihema kwa ule mwendo mfupi.

"Umerudisha mwili!" nilipaza sauti, na majirani wakatoka kumwangalia, wakafurahi nao.

"Nachoka, Mama George," alisema. "Moyo unapiga vibaya."

"Ni uchovu wa safari," nilimwambia. "Kula upate nguvu."

Jumanne asubuhi alishindwa kuinuka kitandani. Jelagat alikuwa amekuja kumjulia hali, na ndiye aliyetueleza. Mitchel alikuwa akihema kwa shida, hamtambui mama yake vizuri, na alikuwa anahesabu. Moja, mbili, tatu, nne. Moja, mbili, tatu, nne. Ni hesabu ya mchezo wao, ile ya kabla ya kunyanyuliwa. Jairus alimbeba hadi kwenye gari la jirani. Walifika zahanati lakini Mitchel alikuwa ameshanyamaza.

Sista Kemunto alipambana naye kwa muda mrefu. Baadaye aliinua shuka, akabonyeza kifundo cha mguu kwa kidole, na shimo likabaki pale pale. Akawageukia wazazi.

"Mmempa nini?"

"Chakula," Beverlyne alisema. "Sista, tumempa chakula tu."

Beverlyne alikuja kwangu Alhamisi na kitambaa cheupe cha satini, cha gauni la maziko. Hakulia. Nilichukua daftari nikamwambia sihitaji kwenda kumpima, vipimo vya karibuni ninavyo. Aliweka kiganja chake juu ya ukurasa.

"Si hizo," alisema. "Shona kwa kipimo ya kwanza. Ile ya kabla."

"Itamvaa kubwa, Mama Mitchel."

"Shona tu. Nataka nimwone vile alikuwa."

Nikashona. Gauni la msichana wa Januari, mwenye mashavu, aliyecheka upesi. Nilipomvalisha lilimmeza, mabega yakateleza, kifua kikaingia ndani. Watu walikuwa wameshaanza kupanga mstari nje kuja kumuaga. Na mimi, fundi wa sifa, nikafanya nilichozoea kufanya. Nilikusanya kitambaa kilichozidi, nikakikunjia mgongoni, nikachomeka pini sita mahali ambapo hakuna atakayeona. Kwa mbele alionekana amejaa vizuri.

Walipita mmoja mmoja. Mama mmoja wa Likuyani, aliyekuja na kikundi cha kanisa, alisimama karibu nami, akatikisa kichwa.

"Na kumbe hakuwa mwembamba vile watu walikuwa wanasema," alininong'oneza.

Wasichana wanne wa kundi lake waliomba walibebe jeneza hatua za mwisho hadi kaburini. Walilibeba nyuma ya nyumba, kando ya shamba, mahindi yakiwa yamesimama marefu na mabichi pande zote. Mikono ya Jelagat ilitetemeka njia nzima. Walipoliweka chini aliketi kwenye udongo, akasema kwa sauti iliyosikika na kila mtu, "Mimi ndiye nilisema ni mzito. Nilikuwa nacheza tu."

Mizani ile Jairus aliikata kwenye boriti. Siku hizi anauza mahindi yake kwa kukadiria kwa macho, na wanunuzi wanampunja, naye anapokea pesa wanazompa. Beverlyne bado anakausha mahindi, lakini nimemwona akichukua punje, akaishika muda mrefu, akairudisha bila kuing'ata.

MAFUNZO

Wapendwa wa Chekalini, Shinyalu, Likuyani na kila mahali penye mtoto mwenye kipaji, somo la kwanza ni hili: mtoto si mzigo. Usimwambie hata kwa mzaha. Kocha alitania, Jelagat alitania, mimi nilitania, na kati ya watu wote waliokuwa stooni siku ile ni wawili tu waliochukua utani ule kwa uzito, mama na mtoto wake. Na hao wawili walitosha.

Msichana anapoacha kula, siku zake zikakatika, akavaa sweta juani, msiulize kwanza ni mimba ya nani. Njaa nayo ni ugonjwa, hata katika nyumba yenye ghala lililojaa. Na msiipake njaa hiyo mafuta ya dini. Kufunga kuna siku ya kufungua. Mtoto ambaye hafungui hajafunga, anakufa.

Mkimpeleka zahanati, kaeni chini msikie mpaka neno la mwisho, siyo lile tu mlilolitaka. Mtu aliyeshinda na njaa kwa miezi hatibiwi kwa karamu. Anarudishwa polepole mikononi mwa wenye ujuzi. Upendo wetu ulikuja na kuku sita, na ulikuja umechelewa, na ulikuja kwa pupa.

La mwisho ni langu. Wote tuliona. Kocha aliona, mchungaji aliona, baba aliona, na mimi nilikuwa na ushahidi wa inchi, nimeuandika kwa mkono wangu. Anayeona na kunyamaza ameshiriki. Wasichana wanne bado wanacheza katika stoo ya Mzungu, na kocha ameondoa kule kunyanyua mwishoni. Wanapokuja kwangu kupimwa na nguo imelegea, sishiki mkasi. Nafunga cherehani, naenda na mtoto mpaka kwao, nasema mbele ya baba na mama, na wakasirike wanavyotaka.

Daftari la vipimo limewekwa wazi juu ya meza yangu, ukurasa wa Mitchel. Anayetaka kujua kama alikuwa mwembamba, na aje asome. Pini zangu sita ziko naye chini ya udongo, na kila siku nazikumbuka.